Mwanzi, Hariri au Karatasi ya Cai Lun: Gharama ya Kuandika Zama za Han

Jora moja la hariri kutoka Kangfu, mashariki mwa China, liliuzwa kwa sarafu 618. Bei hiyo tunaijua kwa sababu iliandikwa kwenye kitambaa chenyewe, pamoja na vipimo vyake: upana wa nusu mita hivi, urefu wa mita tisa na ushei. Kipande hicho cha enzi ya Han ya Mashariki kilikuja kuokotwa mbali sana na kilikofumwa, katika magofu ya Dunhuang.

Je, sarafu 618 zilikuwa nyingi? Cui Shi, afisa wa karne ya 2 aliyeandika kwa uchungu juu ya mishahara midogo ya serikali, anatupa kipimo. Mtumishi wa kukodi, anasema, alilipwa sarafu 1,000 kwa mwezi. Kwa hiyo jora moja lilimeza ujira wa siku 18 hivi za kazi. Afisa mdogo aliyepokea sarafu 2,000 kwa mwezi, pamoja na nafaka, angetoa karibu theluthi ya fedha zake kabla hajachovya brashi katika wino. Hariri ilikuwa nyepesi, ilikunjika vizuri na ilichukua ramani na michoro kwa namna ambayo mwanzi haukuweza. Kaburi la Mawangdui mjini Changsha, lililofungwa mwaka 168 kabla ya Kristo, lilihifadhi maandiko ya tiba, falsafa na ramani juu ya hariri. Lakini lile lilikuwa kaburi la watu wa ukoo wenye mali.

Wengine waliandika juu ya mwanzi. Mwanzi wenyewe ulipatikana kwa urahisi, na hapo ndipo mnunuzi alipodanganyika, kwa kuwa gharama zake zilikuja baadaye. Ilibidi uchanwe vibamba vyembamba, ukaushwe juu ya moto ili utomvu utoke na wadudu wasiutoboe, kisha vibamba vifungwe kwa kamba. Kamba ikikatika, mpangilio wa kitabu unavurugika. Halafu kuna uzito. Shi Huangdi, mfalme wa Qin, anasimuliwa kuwa alijipimia nyaraka za kusoma kila siku kwa mizani, kiasi cha kilo 30. Msomi Dongfang Shuo alipompelekea Mfalme Wu wa Han maombi yake ya kazi, yalijaa vibamba 3,000. Watu wawili waliyabeba kwa taabu na mfalme akayasoma kwa miezi miwili. Ujira wa wapagazi, nafasi ya ghala na muda wa kufunga upya kamba zilizooza vyote ni sehemu ya bei, na mwanafunzi maskini ndiye aliyeumia zaidi, maana hakuwa na wa kumbebea.

Kwa upande wa makosa, hata hivyo, mwanzi ulikuwa na faida ambayo naiheshimu: kosa lilikwanguliwa kwa kisu na kibamba kikatumika tena. Kwenye hariri, kosa lilikuwa hasara.

Mwaka 105 towashi Cai Lun, msimamizi wa karakana za kasri, alimpelekea mfalme karatasi iliyotengenezwa kwa magome ya miti, nyuzi za katani, matambara na nyavu kuukuu za wavuvi. Malighafi nyingi kati ya hizo zilikuwa takataka, na humo ndimo unafuu ulimokuwa. Vitu vilivyokwisha kazi vilipondwa, vikalowekwa, vikachujwa, na rojo likakauka kuwa kitu chepesi kama hariri bila gharama ya kufuga viwavi. Watu wakaiita karatasi ya Mwinyi Cai, kwa cheo alichokuja kutunukiwa mwaka 114.

Mtu huyu ana mashtaka mawili. La kwanza ni kwamba hakuwa wa mwanzo: kipande chenye mistari ya ramani kilichochimbuliwa Fangmatan, Gansu, mwaka 1986 kinakadiriwa kuwa cha karne ya 2 kabla ya Kristo. Hilo halinisumbui. Kuboresha kitu mpaka kiwafikie watu ni kazi kubwa, naye anastahili sifa yake. La pili ni zito. Akimtumikia Malkia Dou, alishiriki kumsingizia Bibi Song, mke mwingine wa mfalme wa wakati huo, ambaye alikunywa sumu mwaka 82. Mjukuu wa Bibi Song alipokamata madaraka mwaka 121, Cai Lun aliitwa kujibu. Alioga, akavaa mavazi yake mazuri, akanywa sumu. Simtetei. Lakini aliyenunua karatasi hakununua fitina za kasri, na kuikataa kusingemrudishia Bibi Song uhai wake.

Ushahidi bora wa thamani ya karatasi ni barua ya Cui Yuan, baba yake yule Cui Shi. Alimtumia rafiki yake kitabu cha magombo kumi, akamwomba radhi: kwa umaskini hakuweza kutumia hariri, kwa hiyo kimenakiliwa kwenye karatasi tu. Aliona haya, lakini kitabu kizima kilifika mikononi mwa rafiki.

Unafuu huo nao ulikuwa na mipaka. Mwishoni mwa karne ya 3, matajiri wa Luoyang waligombania kunakili shairi refu la Zuo Si kuhusu miji mikuu mitatu, na bei ya karatasi ikapanda mjini kote. Wadudu pia waliipenda, ndiyo maana ilikuja kutiwa rangi ya njano ya gome la mti mchungu unaowafukuza. Kwa barua na vitabu vya kusoma, mimi ningechagua karatasi na kulipia nyongeza ya rangi hiyo bila kusita. Hariri ningeiachia ramani na picha. Ofisi za serikali zilichelewa kuamua: ni mwanzoni mwa karne ya 5 ndipo mtawala Huan Xuan alipoamuru nyaraka za mwanzi ziachwe, zitumike karatasi za njano.