Utangulizi wa Kazi ya Mtayarishaji wa Filamu za Makala

Ukikuta kamera imesimamishwa Ndia Kuu, katika Mji wa Kale hapa Mombasa, macho yako yataenda kwa anayeongea mbele yake. Mimi nataka umtazame yule aliye pembeni na simu sikioni, kwani utangulizi huu unamhusu yeye.

Tuanze na msingi. Filamu ya makala ni ile inayoeleza mambo ya kweli kwa kutumia watu halisi, kumbukumbu na ushahidi. Mtayarishaji ndiye anayeibeba filamu hiyo tangu ikiwa wazo hadi ionekane: hutafuta fedha, huajiri watu, huomba vibali, na lawama zikija humwendea yeye. Wageni wengi humchanganya na mwongozaji, ambaye kazi yake ni kuamua picha zipigwe vipi. Mtayarishaji ni kama mwenye arusi: hapigi ngoma wala hapiki pilau, lakini bila yeye hakuna kinachoanza.

Kazi yake ya kwanza ni kugeuza mada kuwa hoja. Mada ni jambo tu; hoja ni swali linalodai jibu. “Majahazi ya Bandari ya Kale” ni mada. “Meli kubwa zilipohamia Kilindini, nani alibaki akiishi kwa pepo za kaskazi na kusi?” ni hoja. Swali la namna hii hukuonyesha nani wa kuhojiwa na picha gani zitafutwe.

Hoja ikipatikana, fedha hufuata. Filamu za kimataifa mara nyingi hugharamiwa kwa ubia, yaani vituo kadhaa kuchanga fedha na kugawana haki za kuonyesha. Mfano mzuri unamhusu mwana wa Mombasa, Profesa Ali Mazrui, aliyezaliwa hapa 1933. Mwaka 1986 ulionyeshwa mfululizo wake wa sehemu tisa, *The Africans: A Triple Heritage*, uliotayarishwa na BBC na kituo cha WETA cha Washington, kwa ushirikiano na televisheni ya taifa ya Nigeria. Mazrui aliuandika na kuuwasilisha. Hoja yake ilikuwa kwamba Afrika ya leo imerithi mambo matatu: mila za asili, Uislamu na Umagharibi. Aliyekulia katika mji wa Fort Jesus, ngome iliyojengwa na Wareno na baadaye kushikwa na ukoo wa Mazrui hadi 1837, hakuhitaji kwenda mbali kuiona hoja hiyo.

Sasa angalia mkasa wa mfululizo huo. Shirika la serikali ya Marekani, National Endowment for the Humanities, lilikuwa limechangia zaidi ya dola 600,000. Mwenyekiti wake, Lynne Cheney, alipouona mfululizo alisema unaishambulia Magharibi, akataka jina la shirika liondolewe. Hata hivyo ulionyeshwa. Hapo ndipo panapojulikana thamani ya mamlaka ya uhariri, yaani haki ya kutoa neno la mwisho kuhusu kinachobaki ndani ya filamu. Haki hiyo iandikwe kwenye mkataba kabla ya kamera kuwashwa.

Huenda unajiuliza: filamu yenye msimamo yaweza kuwa ya kweli? Yaweza, mradi ushahidi uonekane na mtazamaji ajue msimamo ni wa nani. Mwaka 1999 Henry Louis Gates, msomi wa Marekani, alitoa *Wonders of the African World*, ambamo pwani ya Waswahili imo. Mazrui aliikosoa vikali. Zitazame zote mbili, na kila mara jiulize: kwa nini amehojiwa huyu, na nani hakuulizwa?

Kisha anza mwenyewe. Chagua jambo moja la Mji wa Kale, liandike kuwa swali la sentensi moja, utafute watu watatu watakaolijibu kwa kupingana. Ukiwapata, tayari una filamu ya kuitafutia fedha.