Kitabu Kimoja Huita Kingine

Ukienda likizo kwenu Liparamba, kule karibu na mpaka wa Msumbiji, hukosi kubeba sukari, sabuni na kanga za mama. Safari hii tia na vitabu viwili, ila visiwe vya aina moja.

Cha kwanza ni "Uhuru wa Watumwa" cha James Mbotela wa Kenya, kilichotoka 1934. Kinaeleza habari za watu waliotekwa upande wa Ziwa Nyasa, wakaokolewa na manowari ya Waingereza, wakapewa makazi Freretown, Mombasa. Mwandishi alikuwa mtoto wa mmoja wao. Mtu wa ziwani hatakisoma kama habari za mbali. Waliofungwa minyororo humo ni watu wa kwao. Lakini Waingereza wamesifiwa humo mno, tena mno.

Kwa hiyo mpelekee na "Kuli", riwaya ya Adam Shafi wa Zanzibar, ya 1979. Wahusika ni wa kubuniwa, bali mgomo wa makuli wa bandarini Unguja mwaka 1948 ulitokea kweli, chini ya utawala wa hao hao Waingereza. Humo si waokoaji tena. Kijana aliyevisoma vyote viwili atataka kujua nani amsadiki, na swali hilo litamtafutia kitabu cha tatu.

Havipatikani kila duka. Pitia wauzaji wa vitabu vilivyotumika kando ya barabara. Ukikiona, fungua katikati, usome ukurasa mmoja umesimama pale pale. Ukijikuta unafunua wa pili, lipa.