Asili ya Neno "Suruali"

Neno "suruali" huhesabiwa miongoni mwa maneno ya Kiswahili yenye asili ya Kiarabu, na uchunguzi huishia hapo. Kauli hiyo ni nusu ya ukweli, kwani Kiarabu nacho kililikopa kutoka Kiajemi.

Vazi lenyewe ni la wapanda farasi wa Iran na Asia ya Kati. Nguo ya kujifunga kiunoni humzuia mtu kupanua miguu juu ya farasi, na mapaja matupu huchubuliwa na matandiko. Suruali za sufu zilizofukuliwa Yanghai, magharibi ya China, zina umri wa miaka 3,000 hivi. Kati ya miguu yake kumeunganishwa kipande kipana ili mpandaji asibanwe. Upana wa namna hiyo umedumu katika vazi ambalo Waajemi huliita "shalwar". Hata hivyo, jina hilo halitaji farasi wala upana. Wanaisimu hulichanganua kuwa neno ambatani la Kiirani cha kale, lenye sehemu mbili: "paja" na "kifuniko".

Waarabu walilitamka "sirwal", na wingi wake "sarawil". Sibawayh, mwanasarufi wa karne ya 8, alieleza kuwa "sarawil" ni neno la kigeni lililoingizwa katika Kiarabu, ingawa umbo lake lafanana na la wingi.

Je, Waswahili walilipata kwa nani? Sauti zenyewe zatoa jibu. Neno la Kiajemi lina "sh", kisha "l", kisha "r". La Kiarabu lina "s", kisha "r", kisha "l". Kiswahili kimefuata mpangilio wa Kiarabu, ilhali sauti "sh" kinayo na kingeweza kuihifadhi. Mfuatano wa "rw" ukapata irabu "u", irabu ya kwanza ikafanana nayo, na "i" ikaongezwa mwishoni.

Kwa hiyo neno hili, japo chimbuko lake ni Kiajemi, haliwezi kutolewa kuwa ushahidi kwamba Waajemi waliishi katika pwani ya Afrika Mashariki. Chimbuko la neno ni jambo moja, na njia liliyopitia ni jambo jingine. Kamusi yenye kueleza asili ya maneno haina budi kuyaonyesha yote mawili: Kiajemi, kwa njia ya Kiarabu.