Neno «cheminote»: maana yake na namna ya kulifasiri

Maneno mengine ya Kifaransa yanaingia katika kazi yetu bila kubisha hodi. Yamo katika barua za kompani, katika magazeti na katika hotuba za wakubwa. Kisha siku moja mkatekista au mseminari anaombwa kuyafasiri mbele ya watu, naye hana nafasi ya kufungua kamusi. Moja la maneno hayo ni «cheminote». Katika miji iliyo juu ya njia ya reli, kama Lubumbashi, Kamina na Ilebo, neno «cheminot» linajulikana sana. Lakini «cheminote», lenye herufi moja zaidi mwishoni, linafasiriwa vibaya mara nyingi. Wengine wanadhani ni mke wa mfanyakazi wa reli. Wengine wanadhani ni mwanamke mwenye kuendesha treni. Wengine wanaliacha tu, kana kwamba halikuandikwa. Basi, ni vema tulitazame neno hili kwa utaratibu.

I. Asili ya neno

«Chemin» ni njia. «Chemin de fer» ni njia ya chuma, yaani reli. Kutoka neno «chemin» Wafaransa waliunda «cheminot» kwa kuongeza mwisho «-ot», mwisho ambao unasikika katika maneno ya watu wa kawaida, si ya mahakimu. Zamani katika vitabu vya kompani waliandika «employé de chemin de fer», maana yake mwajiriwa wa reli. Neno fupi lilienea mwanzoni mwa karne ya 20. Vyama vya wafanyakazi vililipenda, sababu liliwaunganisha watu wote wa reli: fundi, karani, mchochea moto wa mashine, mwenye kutengeneza njia, mkubwa wa kituo. Kabla yake kila mmoja alikuwa na jina la kazi yake peke yake. Sasa wote walikuwa na jina moja.

Tangu hapo tushike jambo la kwanza: «cheminot» si dereva wa treni. Dereva ni «conducteur» au, katika lugha ya zamani, «mécanicien». Kila dereva wa treni ni «cheminot», lakini si kila «cheminot» ni dereva. Anayeandika barua katika ofisi ya reli, asiyepanda mashine hata siku moja, naye ni «cheminot».

II. Kuandika na kutamka

«Cheminot» linatamkwa «shemino». Herufi «t» ya mwisho haisikiki. «Cheminote» linatamkwa «sheminoti», na «t» inasikika. Linaandikwa kwa «t» moja, kama «idiote», si kwa «t» mbili kama «sotte». Wanafunzi wengi wanakosa hapa katika imla.

Kuna hatari nyingine katika imla. Kifaransa kina neno jingine, «chemineau», linalotamkwa sawasawa na «cheminot». Hilo ni jina la mtu asiye na makao, anayetembea njiani toka kijiji hata kijiji akitafuta kibarua au sadaka. Mwanafunzi akiandika «les chemineaux de Kamina», amewageuza wafanyakazi wenye mshahara kuwa wazururaji. Lakini «cheminote» halichanganyiki hivyo, sababu sauti yake ya mwisho inalitenga.

III. Maana zake

1. Jina. «Une cheminote» ni mwanamke anayefanya kazi katika kompani ya reli, kazi yoyote iwayo. Anaweza kuwa «conductrice», anayeendesha treni. «Contrôleuse», anayekagua tikiti. «Aiguilleuse», anayepanga treni ipite reli ipi. Au fundi, au karani, au mwenye cheo kikubwa. Neno halisemi kazi gani; linasema tu kwamba yeye ni mtu wa reli kwa kazi yake mwenyewe.

2. Sifa. «Cheminote» ni tena neno la kusifu linalofuata jina la kike katika sarufi. «Une famille cheminote» ni jamaa ya watu wa reli. «Une cité cheminote» ni mtaa wa nyumba za watu wa reli. «La grève cheminote» ni mgomo wa watu wa reli. Hapa mwanamke hatajwi hata kidogo. «Famille», «cité» na «grève» ni maneno ya kike katika Kifaransa, na sifa inayafuata. Mseminari aliyejifunza Kilatini hatashangaa: «nauta», baharia, lina mwisho wa «-a» kama «rosa», na bado ni mwanamume. Mwisho wa neno na mtu mwenyewe ni mambo mawili. Anayefasiri «la grève cheminote» kuwa «mgomo wa wanawake wa reli» amedanganywa na herufi moja.

3. Maana isiyo yake. «Cheminote» si mke wa «cheminot». Mke anaitwa «femme de cheminot». Kosa hili lina sababu. Katika Kifaransa cha zamani majina mengi ya vyeo, yakigeuzwa kuwa ya kike, yalimtaja mke: «la générale» alikuwa mke wa jenerali, «la préfète» mke wa «préfet». Hakuna aliyefikiri kwamba mama huyo anaamuru askari. Na maneno mengine ya kike yalikwenda mahali pengine kabisa: «mécanicien» aliendesha mashine ya treni, lakini «mécanicienne» alikuwa mwanamke anayeshona nguo kwa cherehani. Lakini anayesema leo «elle est cheminote» anasema habari ya kazi ya mwanamke huyo, si habari ya ndoa yake. Inawezekana mume wake ni mwalimu, au hana mume.

IV. Kazi ilitangulia jina

Msomaji atauliza: Je, wanawake waliingia katika kazi ya reli siku hizi tu? Hapana. Walikuwamo tangu zamani, lakini hawakuonekana.

Katika Ufaransa, mahali ambapo barabara inakata reli, kompani zilijenga nyumba ndogo kando ya njia. Mara nyingi mume alitengeneza reli kutwa, na mke alilinda kizuizi: treni ikikaribia alifunga barabara, ikiisha kupita alifungua. Aliamka usiku, alisimama katika mvua na baridi, naye alichukua juu yake uzima wa watu. Akichelewa kidogo, gari la farasi lilivunjwa na watu walikufa. Mshahara wake ulikuwa mdogo sana, sababu ilihesabiwa kwamba amepewa nyumba na kwamba mume anapokea mshahara wake. Kazi hiyo iliitwa «garde-barrière», neno lisilobadilika kwa mume wala kwa mke. Hivyo kazi ya reli iliyojulikana zaidi kuwa ya wanawake haikuwa na jina lao, na mwenye kuifanya alihesabiwa mara nyingi kama msaidizi wa mume wake tu.

Vita ya 1914–1918 ilipowachukua wanaume, kompani ziliwaajiri wanawake wengi kuuza tikiti, kusafisha mabehewa na kufanya kazi katika karakana. Amani iliporudi, wengi wao waliondolewa. Katika Vita ya Pili, sifa ya «cheminot» ilikua sana, sababu watu wa reli walipigana kwa siri na adui aliyeikalia nchi. Filamu ya René Clément, «La Bataille du rail», ya mwaka 1946, iliwaonyesha. Lakini aliyeingia katika mawazo ya watu ni mwanamume mwenye kofia na uso mweusi kwa masizi. SNCF, kompani ya reli ya taifa iliyoanza 1 Januari 1938, ilichukua miaka mingi kufungua kwa wanawake kazi za kuendesha treni.

Sheria nazo zilifuata polepole. Ufaransa ilitoa sheria ya 13 Julai 1983 juu ya usawa wa wanaume na wanawake kazini. Tarehe 11 Machi 1986 waziri mkuu Laurent Fabius aliagiza kwamba katika maandiko ya serikali majina ya kazi yawe na umbo la kike. Ubelgiji, katika jumuiya yake ya Kifaransa, ilifanya hivyo kwa amri ya 1993. Académie française, iliyokataa kwa muda mrefu, ilikubali mwezi wa Februari 2019. Neno «cheminote» halikuwa na shida kuundwa; sarufi ilikuwa tayari. Shida ilikuwa kumtazama mwanamke na kusema: Huyu naye ni mtu wa reli.

V. Kwetu Congo

Kwetu reli ilianza katika Bas-Congo: njia ya Matadi hata Léopoldville ilijengwa toka 1890 hata 1898, na watu wengi walikufa katika kuijenga. Katika Katanga, reli ilifika Élisabethville kutoka kusini mwaka 1910, na mwaka 1928 njia ya BCK ilifika Port-Francqui, yaani Ilebo ya leo. Jina «cheminot» lilikuja kwa kinywa cha Wabelgiji, likabaki. Leo watu wa SNCC wanajiita hivyo, na watoto wao wanajisifu kuwa wana wa «cheminot».

Lakini kompani za zamani ziliajiri wanaume. Mwanamke aliingia katika kambi kama mke: nyumba, posho na matunzo ya hospitali vilimfikia kwa jina la mume. Ndiyo sababu kwetu, hata sasa, mtu akisikia «mwanamke wa reli» anafikiri mara moja juu ya mke wa fulani.

Kiswahili chetu hakina umbo la kiume wala la kike. «Mfanyakazi» anaweza kuwa baba au mama, «karani» vilevile. Tungesema basi kwamba lugha yetu ina haki kuliko Kifaransa, ambamo wanawake kumi na mwanamume mmoja wanaitwa wote «cheminots». Ni kweli kwa sarufi, lakini mazoea yanaharibu yale ambayo sarufi imeyaacha wazi. Sikilizeni tangazo kama hili: «Wafanyakazi wa reli na wake zao wanaalikwa kwa mkutano.» Hakuna kosa la lugha. Lakini kwa maneno mawili, «wake zao», wafanyakazi wote wamekwisha kuwa wanaume. Mama anayefanya kazi ofisini miaka ishirini atakaa upande gani? Yeye si mke wa mfanyakazi. Na kati ya wafanyakazi hakuna tena nafasi yake. Ingetosha kusema: «Wafanyakazi wa reli pamoja na jamaa zao.»

VI. Namna ya kufasiri

Tutoe sasa shauri fupi kwa wenye kufasiri na kuandika.

Kwanza, tazama kama «cheminote» ni jina au sifa. Kama linafuata jina jingine la kike, fasiri kwa «wa reli» au «wa watu wa reli», pasipo kutaja wanawake.

Pili, kama ni jina, sema «mfanyakazi wa reli». Kama habari inataka ijulikane kwamba ni mwanamke, sema «mama mfanyakazi wa reli», au «binti mfanyakazi wa reli» akiwa kijana. Usiseme «mama wa reli» peke yake, sababu haionyeshi kazi.

Tatu, kama unajua kazi yenyewe, itaje: mwendesha treni, mkaguzi wa tikiti, fundi, karani. Jina la kazi linaheshimu kuliko jina la jumla.

Nne, usiandike «mke wa cheminot» mahali palipoandikwa «cheminote», wala kinyume chake. Mke anayelea watoto na kulima shamba lake ana kazi na heshima yake. Hana haja ya kuvikwa jina lisilo lake. Na anayeamka saa kumi ya usiku kwenda kituoni ana haki aitwe kwa kazi anayoifanya.

Tano, unapojaza karatasi au buku la parokia lenye kuuliza kazi ya wazazi, usimwulize baba tu kisha ukaandika kwa mama «vivyo hivyo» au kuacha mahali patupu. Mwulize mama mwenyewe. Akijibu kwamba anafanya kazi ya reli, andika hivyo. Miaka ikipita, sisi na wao tukiwa tumekwisha kuondoka, mstari huo mmoja utabaki, na mjukuu wake atakayeufungua atajua jinsi bibi yake alivyotunza nyumba yake.