Jina la Mtoto: Tuulize Herufi Kabla ya Kuuliza Maana

Siku ya sita baada ya mtoto wa kike kuzaliwa, tulikuwa miongoni mwa wageni katika nyumba iliyokuwa ikijiandaa kwa akika. Mbuzi alikwishapatikana na majirani walikwishaalikwa. Lililobaki ni jina. Baba wa mtoto alitaka binti aitwe Asia, jina la mama yake mzazi. Mjomba wa mtoto akatoa simu, akatafuta, akasoma kwa sauti: Asia, maana yake mwanamke muasi. Akafungua orodha nyingine. Hiyo ikasema maana yake ni matumaini.

Bibi mwenyewe alikuwa ameketi mkekani akisikiliza. Akauliza taratibu: “Kwa hiyo, wanangu, umri wote huu nimekuwa nikiitwa muasi?”

Hapakuwa na wa kumjibu. Aliyevunja ukimya ni maalim wa madrasa ya mtaa, aliyealikwa kwa ajili ya dua. Aliomba karatasi, akaandika kwa herufi za Kiarabu majina mawili ambayo sisi Waswahili huyaandika sawasawa. La kwanza lilianza kwa alifu na kufuatiwa na sini. La pili lilianza kwa ain na kufuatiwa na swadi. “Hili la pili,” alisema, “ndilo lenye maana ya uasi. Jina lako, mama, ni hili la kwanza.”

Yote mawili yamo katika hadithi sahihi. Imam Muslim amepokea kutoka kwa Ibn Umar (R.A.) kwamba Mtume (S.A.W.) alimbadilisha jina mwanamke aliyeitwa kwa lile la ain na swadi, akamwita Jamila. Ama Asia wa alifu na sini ni mke wa Firauni, aliyemwamini Mola wake ndani ya kasri la dhalimu. Qur’ani inamtaja bila jina, katika Surat At-Tahrim aya ya 11, jina lake tunalipata katika hadithi, pale Mtume (S.A.W.) alipomtaja pamoja na Maryam miongoni mwa wanawake waliofikia ukamilifu. Katika Kiarabu, mzizi wa herufi hizo una maana ya kutibu na kuliwaza, na ndimo linamotoka neno uswa, yaani kigezo, tulilozoea kulisikia misikitini katika “uswatun hasana”.

Basi mwanamke mmoja alikuwa karibu kuvuliwa heshima ya jina lake, na mjukuu wake kukoseshwa jina jema, kwa sababu ya orodha isiyoonyesha jina limeandikwaje.

Hapo ndipo penye asili ya tatizo. Hati za Kirumi tunazotumia leo hazina nafasi ya kila herufi ya Kiarabu. Wenzetu wa Mombasa wanaoandika Swaleh badala ya Saleh huihifadhi swadi kwa namna hiyo, lakini herufi nyingi hupotea. Tutazame jina Hawa. Mama yetu Hawa (A.S.) huandikwa kwa haa itokayo katikati ya koo. Neno hawaa, matamanio ya nafsi ambayo masheikh hutuonya nayo, lina ha nyingine, ile nyepesi ya pumzi, na ndiyo hiyo iliyomo katika asili ya neno letu hewa. Asiyetazama herufi anaweza kumwambia binti kwamba jina lake ni upepo au matamanio, naye akaishi akiamini hivyo.

Wakati mwingine orodha mbili hutofautiana na zote zikawa sahihi. Amina kwa kuvuta sauti ya mwanzo ndilo jina la mama mzazi wa Mtume (S.A.W.), lenye maana ya aliye katika amani. Amina kwa kuvuta sauti ya kati ni mwanamke mwaminifu. Mzazi hana budi kujua amekusudia lipi.

Lakini maana ya kamusi peke yake haitoshi. Mzizi wa jina Fatima unahusu kumwachisha mtoto ziwa, na mzizi wa Khadija unahusu kuzaliwa kabla ya wakati. Anayetafuta maneno matamu tu angeyapita majina haya, ilhali ni ya wanawake bora wa umma huu. Jina hupata heshima pia kutokana na waliolibeba.

Wala Uislamu haukutulazimisha majina ya Kiarabu. Ibrahim na Ismail ni majina ya kale ya Mitume, na kuyalazimishia mizizi ya Kiarabu ni kupotea. Mwanaidi na Mwanajuma ni majina yetu, na maana zake tunazijua bila kamusi. Kinachotazamwa ni maana njema, nasi tuna la kujiuliza juu ya majina kama Shida, Tabu na Mashaka, ambayo wazee waliyatoa kwa kukumbuka dhiki za wakati wa uzazi. Imam Bukhari amepokea habari za babu yake Said bin al-Musayyib, aliyeitwa Hazn, yaani ardhi ngumu. Mtume (S.A.W.) alimpa jina la Sahl, wepesi, naye akakataa kuacha jina alilopewa na baba yake. Mjukuu wake alisimulia kwamba ugumu ule haukuwatoka katika ukoo wao.

Kwa hiyo tunawanasihi wazazi mambo matatu. Kwanza, jina liandikwe kwa Kiarabu na mtu anayejua, kabla ya kutafutwa maana. Pili, mzizi wake utazamwe katika kamusi inayoaminika, au aulizwe mwanachuoni anayeweza kurejea Lisan al-Arab ya Ibn Mandhur, au Tuhfat al-Mawdud, kitabu cha Ibn al-Qayyim juu ya hukumu za mtoto mchanga. Tatu, haya yafanyike kabla ya cheti cha kuzaliwa kuandikwa, kwani jina likishaingia katika cheti, shule na pasipoti, kulirekebisha ni safari ndefu.

Orodha za simu zinaweza kutukumbusha majina tuliyoyasahau. Kuzipa kauli ya mwisho ndiko kunakoponza, na dakika chache kwa maalim wa mtaa zinatosha kuepusha majuto.

Siku ya saba mtoto alinyolewa nywele na kuitwa Asia. Bibi aliichukua ile karatasi ya maalim, akaikunja na kuihifadhi ili mjukuu wake aje kuisoma atakapoanza madrasa.

Mwenyezi Mungu atujaalie kizazi chema chenye majina mema. Amin.