Likizo Pemba: Tutazame Chombo Kwanza
Likizo ikifika, familia nyingi za Unguja huvuka kwenda Pemba kuunga udugu, wakashukia Mkoani. Twaipenda safari hiyo. Lakini mkondo wa Nungwi si wa kuuchezea. Usiku wa kuamkia Septemba 10, 2011, siku chache baada ya Idi, MV Spice Islander I ilizama ikielekea Pemba, imejaza watu kupita kiasi. Mamia walifariki, Allah awarehemu.

Tawakali haimzuii mzazi kuuliza: kila mtoto, hata anyonyaye, ameandikwa katika orodha ya abiria? Majaketi ya kujiokolea yako wapi? Chombo kikionekana kimeelemewa, tushuke na wanetu, ijapokuwa nauli imekwishalipwa na shangazi ameshateleka chungu.