Boti za vita zilizovuka milima ya Mitumba kufika Kalemie

Jumapili tarehe 26 Desemba 1915, siku moja baada ya Noeli, watu wa Lukuga, mji tunaouita leo Kalemie, walisimama ufukweni wakatazama vita ziwani. Boti mbili ndogo za Waingereza, Mimi na Toutou, zilikuwa zinaifukuza meli ya Wajerumani, Kingani. Baada ya dakika 11 mambo yalikwisha. Kamanda wa Kingani alikuwa amekufa, na meli yake ikavutwa hadi pwani ya Kongo.

Vita hivyo vimeandikwa katika vitabu vingi vya Ulaya, na majina ya maofisa yanajulikana. Lakini boti zile hazikufika Kalemie kwa njia ya maji peke yake. Zilibebwa kupita katika milima yetu, na waliofanya kazi hiyo ni Wakongomani ambao majina yao ni vigumu kuyapata.

Chanzo cha yote ni Agosti 1914. Vita Kuu ilipoanza Ulaya, Wajerumani waliokuwa Kigoma hawakungoja. Tarehe 22 mwezi huo, meli yao Hedwig von Wissmann ilishambulia Alexandre Delcommune, meli ya Wabelgiji, ikaiharibu. Tangu siku hiyo ziwa lote likawa mikononi mwa Wajerumani. Waliweza kupeleka askari popote walipotaka, kwa upande wetu au upande wa pili.

Februari 1915 waliongeza meli kubwa kuliko zote, Graf von Götzen, yenye urefu wa meta 70 hivi. Ilikuwa imeundwa Papenburg, Ujerumani, kisha ikafunguliwa vipande vipande, ikafungwa katika masanduku yapatayo 5,000. Ilipita baharini hadi Dar es Salaam, halafu ikafuata njia ya reli hadi Kigoma, ambako mafundi watatu wa Kijerumani na wafanyakazi wengi Waafrika waliiunga tena. Iliweza kubeba askari 800 au 900 kwa safari moja. Baadaye ilifungwa mzinga wa milimeta 105 uliotolewa katika Königsberg, manowari ya Kijerumani iliyozama kwenye mto Rufiji Julai 1915.

Waingereza walijibu kwa namna nyingine kabisa. Mwindaji mmoja, John Lee, aliwaambia wakubwa wa jeshi la majini mjini London kwamba ziwani haihitajiki meli kubwa, inahitajika meli yenye mbio. Ndipo Mimi na Toutou zikatayarishwa: boti za mbao zenye urefu wa meta 12, kila moja na injini mbili za petroli, mzinga mdogo mbele na bunduki ya rashasha nyuma. Mbio zao zilizidi mara mbili zile za Kingani, iliyotumia moshi. Tena mzinga wa Kingani uliweza kupiga mbele tu. Aliyeishambulia kutoka nyuma alikuwa na nafasi nzuri.

Boti ziliondoka Uingereza Juni 1915 chini ya kamanda Geoffrey Spicer-Simson. Zilishushwa Cape Town, zikapanda treni hadi Fungurume, Katanga. Hapo reli ikaisha. Mbele kulikuwa na milima ya Mitumba na mwendo wa kilometa zaidi ya 200 hadi reli nyingine, huko Sankisia.

Ilibidi barabara ikatwe porini na madaraja zaidi ya mia moja yajengwe. Boti zilivutwa na magari ya moshi, na ngongo ilipokuwa kali sana zilivutwa na makundi ya ng'ombe na mamia ya watu wenye kamba mikononi. Magari yale yalikunywa maji mengi, na wakati ulikuwa wa jua kali. Wanawake wa vijiji vya karibu walibeba maji kichwani ili mitambo isisimame. Kutoka Sankisia zilipanda treni hadi Bukama, zikashuka Lualaba hadi Kabalo, na kutoka hapo treni ikazifikisha ziwani mwishoni mwa Oktoba.

Kingani ilipotekwa, ilitengenezwa, ikapewa jina la Fifi na kugeuzwa silaha dhidi ya wenyewe. Tarehe 9 Februari 1916, Fifi na Mimi ziliizamisha Hedwig. Ndani ya meli hizo hapakuwa na maofisa wa Ulaya tu. Waafrika walikuwamo pia, wakitia kuni motoni karibu na boila, mahali pabaya kuliko pote meli inapopigwa risasi.

Götzen haikushindwa kwa mzinga. Spicer-Simson aliiona, lakini hakuthubutu kuikaribia. Baadaye Wajerumani waliutoa mzinga mkubwa wakaupeleka kwa askari wa nchi kavu, na mahali pake wakaweka wa mti. Julai 1916, wakati askari wa Force publique, wengi wao Wakongomani, walipoikaribia Kigoma, Wajerumani waliizamisha meli yao wenyewe. Lakini kwanza mafundi waliipaka mitambo grisi nzito, kwa matumaini ya kurudi.

Wajerumani hawakurudi, ila grisi ilifanya kazi yake. Waingereza waliiinua meli mwaka 1924, na mwaka 1927 ikaanza tena safari kwa jina la Liemba, jina la kale la ziwa. Iliendelea kwa mitambo ya moshi hadi miaka ya 1970, ilipofungwa injini za dizeli.

Wengi wa Uvira bado wanaikumbuka. Mwaka 1997, baada ya Mobutu kuanguka, shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi, HCR, liliitumia Liemba kurudisha nyumbani Wakongomani zaidi ya 75,000 kutoka Kigoma. Meli iliyoundikwa mzinga ili kuitisha pwani yetu ilitia nanga Uvira ikiwa na akina mama, watoto na mizigo yao.

Huko Mitumba, barabara ya mwaka 1915 ilirudiwa na pori. Kamanda alipata nishani. Wale waliovuta kamba na waliobeba maji walirudi vijijini kwao.